Faili lenye neno la siri: Usiuziwe mbuzi kwenye gunia mtandaoni

KATIKA soko la kimataifa la samaki la Mwaloni, Kirumba jijini Mwanza, mnunuzi mzoefu halipii gunia la dagaa lililoshonwa mdomo bila kwanza kulifungua. Ataingiza mkono hadi chini, atachota kidogo, atatandaza kiganjani na kutazama kama kuna mchanga, unyevu au dagaa walioharibika. Muuzaji akigoma gunia lake lisifunguliwe, mnunuzi anaelewa somo na kuhamia kwa mwingine.

Lakini mnunuzi huyo huyo akirudi ofisini jioni, au akipita steshenari kusoma barua pepe zake, anaweza kukuta ujumbe kutoka kwa mtu anayejiita mteja mpya. Ujumbe ni mfupi: oda imeambatanishwa, faili limefungwa kwa usalama, neno la siri ni 1234. Hapo ule uangalifu wa sokoni hupotea. Anapakua, anaandika 1234, anabonyeza. Huko ndiko kuuziwa mbuzi kwenye gunia, na safari hii gunia limeletwa na ufunguo wake.

Makala haya yanaeleza mafaili hayo ni nini, kwa nini wezi wa mtandaoni wanayapenda, na mfanyabiashara au kiongozi wa chama cha msingi afanye nini anapotumiwa moja.

Biashara ya ziwa na karatasi zake

Dagaa na samaki wakavu wanaotoka visiwani na mialoni ya Ziwa Victoria hupitia Mwaloni na kuuzwa hadi Kongo, Rwanda na Burundi. Minofu ya sangara kutoka viwandani husafirishwa hadi Ulaya na kwingineko. Zamani biashara hiyo ilitegemea simu ya mezani, faksi na madalali. Tangu mkongo wa baharini wa SEACOM ulipofika Dar es Salaam Julai 2009, na simu za intaneti zilipoenea, bei, oda, ankara na namba za akaunti zinazidi kupita kwenye barua pepe na WhatsApp.

Mwaka 1999, Umoja wa Ulaya ulipozuia samaki wa Ziwa Victoria kwa hofu ya uvuvi wa sumu, wafanyabiashara wa Mwanza walijifunza kwamba mteja wa mbali hanunui samaki peke yake, ananunua na imani. Leo sehemu kubwa ya imani hiyo imo ndani ya kompyuta na simu. Anayeiba akaunti ya barua pepe ya mfanyabiashara anaweza kuzungumza na wateja wake kwa jina lake, kuwatumia ankara yenye akaunti nyingine ya benki, na kupokea malipo ya mzigo ambao hakuuvua wala kuuanika.

Robota lenye kufuli

Mafaili yanayozungumziwa hapa ni yale ambayo majina yake huishia na .zip, .rar au .7z. Hayo ni mafurushi. Mtu huchukua mafaili mengi, akayakusanya na kuyabana pamoja ili yawe mepesi kusafirisha, kama pamba inavyobanwa kuwa robota kiwandani au mitumba inavyofungwa bandarini. Aina ya .zip ilianzishwa mwaka 1989 na Mmarekani Phil Katz, na mpaka leo ndiyo inayotumika zaidi.

Furushi linaweza kuwekewa neno la siri. Likishawekewa, maandishi yaliyomo huvurugwa kwa hesabu maalumu, na asiye na neno hilo hawezi kuyasoma. Jambo hilo lenyewe si baya. Mhasibu anayetuma orodha ya mishahara, au chama cha msingi kinachotuma majina na akaunti za wanachama wake, anafanya vizuri kuifunga.

Tatizo linaanzia kwa mlinzi. Antivairasi iliyomo kwenye kompyuta, pamoja na zile za kampuni zinazotunza barua pepe, hufanya kazi kama mlinzi wa getini anayepekua mizigo. Husoma kilichomo na kukilinganisha na alama za virusi vinavyojulikana. Furushi likiwa na kufuli, mlinzi hawezi kusoma ndani. Anaweza kuona majina ya mafaili, lakini si yaliyomo. Mara nyingi hulipitisha, au hutoa onyo ambalo mwenye haraka halisomi.

Wezi walilitambua pengo hilo mapema. Machi 2004, kirusi kilichoitwa Bagle kilisambaa duniani kikiwa ndani ya mafaili ya .zip yaliyofungwa, huku neno la siri likiandikwa kwenye barua yenyewe. Watengenezaji wa antivairasi walipofundisha programu zao kusoma neno hilo kutoka kwenye barua, wezi walianza kulituma kama picha, ili binadamu alisome na mashine ishindwe. Miaka 16 baadaye, mwaka 2020, mtandao wa virusi ulioitwa Emotet ulitumia mbinu ile ile. Polisi wa nchi kadhaa waliuvunja Januari 2021, lakini ulirejea kabla mwaka huo haujaisha.

Hapo ndipo ilipo kanuni moja rahisi ambayo haihitaji elimu ya kompyuta. Mtu mwenye siri ya kweli haandiki siri hiyo juu ya bahasha. Kufuli likija pamoja na ufunguo wake katika ujumbe ule ule, halimzuii mwizi yeyote, kwa kuwa kila anayeiona barua ana ufunguo. Anayezuiwa ni mlinzi peke yake.

Nchini Japani, kwa miaka mingi ofisi zilikuwa na desturi ya kutuma faili la .zip lenye kufuli, kisha kutuma neno la siri kwa barua pepe ya pili. Novemba 2020, serikali ya nchi hiyo ilitangaza kuachana na desturi hiyo katika ofisi zake kuu, baada ya kukubali kwamba haikuongeza usalama na ilizizuia antivairasi kufanya kazi.

Programu ya bure iliyo ghali

Njia ya pili ambayo mafurushi haya huingilia ni programu za wizi. Mwenye duka anataka programu ya hesabu au ya kuandikia barua, anaona bei yake ni kubwa, kisha anaambiwa kuna ya bure mtandaoni. Maelezo ya kuipata yanafanana karibu kila mahali: pakua furushi, tumia neno hili la siri, zima antivairasi kabla ya kufungua.

Agizo hilo la mwisho lilipaswa kumshtua. Mgeni anayekutaka umfungie mbwa ndani na kumpa mlinzi likizo kabla hajaingia uani, hakuja kwa salamu.

Miongoni mwa vitu vinavyofichwa humo ni virusi vya kukusanya siri. Kimoja kinachoitwa RedLine kilianza kuonekana mwaka 2020. Kazi yake ni kukusanya maneno ya siri ambayo mtu ameyahifadhi kwenye kompyuta ili asiyaandike kila mara, yakiwamo ya barua pepe na ya benki, na kuyatuma kwa mwizi. Oktoba 2024, polisi wa Uholanzi na wenzao wa nchi nyingine walizikamata kompyuta zilizokuwa zikiendesha RedLine. Aina nyingine za virusi hufunga mafaili ya mwathirika na kumdai fedha ili arudishiwe hesabu zake.

Tatizo hili haliko mbali na Kanda ya Ziwa. Kati ya Septemba na Oktoba 2024, polisi wa kimataifa, Interpol, na polisi wa nchi 19 za Afrika, Tanzania ikiwamo, waliendesha operesheni dhidi ya uhalifu wa mtandaoni na kuipa jina la Serengeti. Watu 1,006 walikamatwa. Miongoni mwa makosa yaliyolengwa ni kudai fedha kwa kufunga mafaili na kuteka barua pepe za biashara. Nchini Marekani, shirika la upelelezi la FBI lilipokea mwaka 2023 malalamiko ya utekaji wa barua pepe za biashara yenye hasara ya takriban dola bilioni 2.9.

Takwimu hizo ni kubwa kiasi kwamba mfanyabiashara mdogo anaweza kudhani hazimhusu. Hesabu ifuatayo ni ya mfano tu, lakini kila mmoja anaweza kuifanya kwa fedha zake. Mfanyabiashara wa dagaa mwenye mtaji wa Sh12 milioni, anayebakiwa na faida ya asilimia tano kwa kila safari baada ya kulipa usafiri, ushuru na vibarua, anapata Sh600,000. Malipo ya mteja mmoja ya Sh6 milioni yakielekezwa kwenye akaunti ya mwizi, hiyo ni faida ya safari 10 za mtaji kamili, ilhali mtaji wake sasa umepungua nusu. Kwa bahati mbaya, msimu haumsubiri.

Kwa upande wa gharama, zipo programu halali zisizo na malipo. LibreOffice inaandika barua na kutengeneza majedwali ya hesabu. 7-Zip inafungua na kufunga mafurushi. Zote zinapakuliwa bure kutoka kwa watengenezaji wenyewe, bila neno la siri na bila kuzima ulinzi wowote.

Hatua za kufuata kabla ya kulifungua

Kwanza, uliza nani amelifunga na kwa nini. Mpigie aliyetuma kwa namba uliyokuwa nayo tangu zamani, si namba iliyoandikwa kwenye barua hiyo. Kama humfahamu, mwombe atume oda ndani ya barua yenyewe au kwa faili la kawaida lisilo na kufuli. Mteja wa kweli hatakasirika. Anayekuharakisha kwa maneno kama "oda inafungwa leo" anataka usipate muda wa kufikiri.

Pili, soma majina kabla ya kuandika neno la siri. Watu wengi hawafahamu kwamba furushi la .zip, hata likiwa na kufuli, kwa kawaida huonyesha orodha ya majina ya mafaili yaliyomo. Furushi la .rar au .7z linaweza kuficha hata majina hayo. Likifanya hivyo na limetoka kwa mgeni, ongeza wasiwasi.

Tatu, tazama mkia wa jina. Ankara inatarajiwa kuishia na .pdf, na jedwali la bei na .xlsx. Faili linaloishia na .exe, .scr, .bat, .js, .vbs au .lnk ni la kuendesha kazi ndani ya kompyuta, na halina sababu ya kuwa ankara. Ikumbukwe kuwa Windows, ikiachwa ilivyo, huficha mkia wa mwisho. Hivyo faili linaloitwa Ankara.pdf.exe litaonekana kama Ankara.pdf. Mwambie fundi wako wa kompyuta awashe sehemu ya kuonyesha mikia ya majina. Ni kazi ya dakika moja.

Nne, kama umeridhika na lazima ulifungue, litoe kwanza lote kwenye folda mpya iliyo tupu. Usibonyeze faili likiwa bado ndani ya furushi. Likishatoka, kufuli halipo tena, na sasa mlinzi anaweza kulisoma. Waamuru antivairasi wapekue folda hiyo kabla hujagusa chochote. Kulitoa faili ni sawa na kulimwaga gunia sakafuni; kulibonyeza ni sawa na kuwapika dagaa na kuwala. Kati ya hatua hizo mbili ndipo pa kufanyia ukaguzi.

Tano, tumia programu mpya ya kufungulia. Mwaka 2023 iligunduliwa kasoro katika WinRAR ambayo wezi walikuwa wakiitumia tangu Aprili dhidi ya wachuuzi wa hisa na fedha za kigeni. Mtu alibonyeza kitu kilichofanana na picha ya kawaida, na kirusi kikaingia. Ilirekebishwa katika toleo la 6.23. Julai 2025 ilirekebishwa kasoro nyingine katika toleo la 7.13, baada ya wezi kutuma mafurushi wakijifanya waombaji wa kazi. Programu hiyo haijisasishi yenyewe. Aliyewekewa na fundi miaka mitano iliyopita huenda bado anatumia ile yenye tundu.

Sita, usizime antivairasi kwa agizo la mtu usiyemfahamu, na faili la Word au Excel likikutaka uruhusu maudhui ndipo usome, kataa.

Saba, tenganisha kazi. Kompyuta inayotumika kuingia benki isiwe ndiyo ya watoto kupakulia michezo na filamu. Anayetumia kompyuta ya steshenari asihifadhi humo neno lake la siri, na aondoke kwenye akaunti kabla ya kuinuka.

Kwa wanaotumia simu

Wakulima na wachuuzi wengi hawana kompyuta, lakini ushauri huu unawahusu pia. Programu ya simu ya Android yenye mkia wa .apk ni furushi lenye umbo la .zip. Ikitumwa kwenye kundi la WhatsApp na kuambatana na maelekezo ya kuruhusu vyanzo visivyojulikana, ni kisa kile kile cha kumpa mlinzi likizo. Novemba 2024, Benki Kuu ya Tanzania ilitangaza orodha ya programu 69 za mikopo mtandaoni zilizokuwa zikifanya kazi bila leseni. Anayehitaji mkopo wa pembejeo au wa nyavu ahakikishe kwanza mkopeshaji ana leseni, na programu aipakue kwenye duka rasmi la simu.

Mfanyabiashara anapotuma mwenyewe

Upo wakati ambapo mfanyabiashara mwenyewe anahitaji kufunga faili. Afanye hivyo kwa utaratibu. Amjulishe mpokeaji mapema kwamba faili linakuja. Neno la siri alitamke kwa simu au ana kwa ana, asiliandike kwenye barua ile ile. Kwenye 7-Zip achague ufungaji wa AES-256, kwa sababu ule wa zamani wa .zip unaitwa ZipCrypto na ni dhaifu. Neno liwe refu. Maneno manne yasiyohusiana ni bora kuliko 1234 au jina la mtoto.

Aidha, neno hilo aliandike kwenye daftari linalofungiwa kabatini. Furushi lililofungwa kwa AES-256 na neno refu halina fundi wa kulifungua likisahaulika. Programu za mtandaoni zinazoahidi kufanya kazi hiyo nyingi huja zenyewe zikiwa ndani ya furushi lenye neno la siri, na msomaji sasa anajua maana yake.

Ukishateleza

Aliyekwisha kubonyeza asione aibu akanyamaza. Akate intaneti ya kompyuta hiyo mara moja, na asiandike tena neno lolote la siri humo. Kwa kutumia simu au kompyuta nyingine iliyo salama, abadilishe neno la siri la barua pepe kwanza, kwa kuwa kupitia hilo mwizi hubadilisha mengine yote, kisha la benki na namba ya siri ya fedha za simu. Apige simu benki. Awapigie wateja wake na kuwaambia wasilipe kwenye akaunti mpya yoyote bila kusikia sauti yake.

Ile barua na lile faili visifutwe, kwa kuwa ni ushahidi. Tanzania inayo Sheria ya Makosa ya Mtandao ya mwaka 2015, na taarifa hutolewa kituo cha polisi. Namba za simu zinazotuma ujumbe wa utapeli hupelekwa kwa ujumbe mfupi kwenda 15040. Baada ya hapo fundi aisafishe kompyuta na kuiwekea mfumo upya. Kufuta faili pekee hakutoshi.

Kazi hiyo itakuwa nyepesi kwa yule aliyekuwa na nakala ya hesabu zake kwenye diski au flashi iliyochomolewa na kuwekwa pembeni. Nakala inayoachwa imechomekwa hufungwa pamoja na nyingine.

Wakulima wa pamba wa Kanda ya Ziwa wanafahamu ugomvi wa pamba iliyotiwa maji na mchanga ili iongeze uzito. Hasara yake haikuishia kwa mchafuaji mmoja, ilishusha sifa ya pamba ya jirani zake wote. Barua pepe iliyotekwa nayo iko hivyo. Mwizi akishaingia kwa mfanyabiashara mmoja wa Mwaloni, huwaandikia wote waliomo kwenye orodha yake, nao hufungua kwa kuwa jina wanalifahamu.

Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Siku hizi daftari la wengi limo ndani ya kompyuta, na faili moja lililofunguliwa kwa haraka linatosha kulipoteza. Simu ya dakika mbili ya kumuuliza mteja kama kweli ametuma faili inagharimu shilingi chache, kiasi ambacho hakifiki hata bei ya kisado cha dagaa.